Kofishopu kongwe za Amsterdam: tuache kidogo bei ya jani, tuongelee muziki na hali ya mle ndani

Bandari Salama (mleta uzi)

Wakuu, heshima kwenu wote.

Nimesoma nyuzi nyingi za Amsterdam humu jukwaani na karibu zote zinaishia palepale: mitaa ya taa nyekundu ya makahaba, bei ya msokoto, nani alizidiwa akalala kwenye benchi la stesheni. Mimi naishi Utrecht, nusu saa hivi kwa treni, na nawaambia kwa moyo wangu wote kwamba kilicho kizuri zaidi hamjakigusa. Kuna kofishopu kule, yaani maduka ya kuuzia bangi na kuivutia humohumo, zimedumu miaka arobaini, nyingine hata hamsini. Jani zuri linapatikana kila mtaa, kwa hiyo halikuzidumisha jani. Kimezidumisha chumba chenyewe: muziki, watu wa kaunta, na kiti ambacho mtu anakaa saa tatu na chai moja bila kuangaliwa vibaya.

Ninayoipenda kuliko zote ni Siberië, pale Brouwersgracht. Ukitoka stesheni kuu unatembea dakika chache tu. Ipo tangu miaka ya 1980. Usitegemee bango kubwa la jani la kijani linalowaka, maana sheria yao hairuhusu kofishopu kujitangaza. Nje kuna mfereji, baiskeli zimefungwa kwenye vyuma vya daraja, na mlango wa kawaida.

Ndani si pakubwa. Ukutani kuna picha za wasanii, na hazikai zilezile, kwa sababu wenye duka huandaa maonyesho. Wana usiku wa mashairi, usiku wa magitaa makavu na usiku wa madijei. Kuna chesi na michezo mingine ya mezani. Mara ya mwisho nilipokwenda, wazee wawili walikuwa wamekaa dirishani wanacheza chesi, hawasemezani kabisa, na dijei alikuwa binti anayepiga santuri. Alianza na dabu ya Jamaika, ile ya polepole ambayo besi unaisikia kifuani. Akakaa nayo muda mrefu. Kisha, bila mtu kugundua mahali alipokatia, tukawa kwenye jazi ya Ethiopia, saksafoni inalia kwa zile noti zao zinazofanana na mtu anayeomba. Hakuna aliyeinuka kucheza, lakini kila meza kulikuwa na mguu unagonga sakafu.

Ukisikiliza vizuri unagundua kwamba sauti imepimwa. Unaongea na mwenzako kwa sauti ya kawaida, na wakati huohuo hukosi hata tumba moja. Baa zetu nyingi Dar nimekaa nikirudi nyumbani na sikumbuki lini nilimaliza sentensi bila kupiga kelele.

Leteni maoni, waliofika na wasiofika.

Fundi Redio

Mkuu umegusa fani yangu. Nimefunga spika kwenye kumbi nyingi Dodoma na Morogoro na wenye kumbi wote wana ombi moja: iwe kubwa. Ukiwaambia sauti ya kukaa nayo ina faida wanakuona hujui kazi. Hebu nieleze, hawa Waholanzi wamefikaje hapo? Mwenye duka la bangi anahangaika na dijei wa santuri kwa sababu gani, wakati wateja watakuja tu?

Bandari Salama

Fundi, swali hili ndilo nililokuwa nalisubiri. Niwie radhi, litakuwa refu.

Biashara hii ilizaliwa ndani ya kumbi za muziki. Mwaka 1968 Amsterdam ulifunguliwa ukumbi wa Paradiso, ndani ya jengo lililokuwa kanisa. Mwaka 1970 ikafuata Melkweg, ndani ya kiwanda cha zamani cha maziwa. Kumbi zote mbili zipo mpaka leo na bado zinapiga muziki. Vijana wa wakati ule walikwenda kusikiliza bendi, na mle ndani walikuwepo wauzaji wa hashishi (utomvu wa bangi) waliojulikana na wenye ukumbi, na jiji likawaacha. Utrecht kwetu nako kulikuwa na Sarasani, chumba cha chini kando ya mfereji wa Oudegracht, iliyoanza 1968.

Kulikuwa na kijana mmoja aitwaye Koos Zwart, ambaye kwenye redio ya VARA alikuwa anasoma bei za hashishi na bangi za wiki, kama zinavyosomwa bei za hisa. Mama yake, Irene Vorrink, alikuwa waziri wa afya wa nchi hiyohiyo kuanzia 1973. Na ni huyo mama, pamoja na waziri wa sheria Dries van Agt, walioipeleka bungeni sheria ya 1976 iliyotenganisha dawa zenye hatari kubwa, kama heroini, na bangi. Kukutwa na bangi isiyozidi gramu 30 kukawa kosa dogo. Bangi haikuhalalishwa, sikilizeni vizuri hapo. Mpaka leo kuuza bangi ni kosa kwenye vitabu vyao, ila mwendesha mashtaka hamfuati muuzaji anayeshika masharti.

Kabla ya sheria hiyo, mnamo 1972, Wernard Bruining na wenzake walifungua Mellow Yellow kando ya mto Amstel, kwenye duka la mikate lililokuwa limeachwa. Jina walilitoa kwenye wimbo wa Donovan. Mtindo wao ulikuwa hivi: muuzaji anakaa kwenye kaunta kama mteja mwingine yeyote, bangi iko kwenye vifuko vilivyopimwa tayari, unanunua, unakaa, unasikiliza. Polisi akiingia anakuta watu wanakunywa chai. Miaka michache baadaye, 1975, Henk de Vries akaanzisha The Bulldog ndani ya lililokuwa duka la baba yake la mambo ya ngono pale Oudezijds Voorburgwal, na kufika 1985 alikuwa amechukua jengo la kituo cha polisi cha zamani, Leidseplein. Mwaka huohuo wa 1975 ilianza Rusland, ambayo ipo hadi leo, na sifa yake kubwa ni chai za kila namna.

Sasa nirudi kwenye swali lako. Tazama vitu walivyonyang'anywa kidogo kidogo. Matangazo, marufuku. Pombe, Amsterdam waliiondoa kabisa kwenye kofishopu mwaka 2007. Tumbaku, Julai 2008 ikakatazwa kwenye sehemu zote za vinywaji na chakula, kwa hiyo aliyechanganya na tumbaku akawa anakwenda kwenye chumba cha kioo cha wavutaji, mpaka vyumba hivyo navyo vikakatazwa. Akiba dukani, mwisho gramu 500. Mteja mmoja, mwisho gramu 5 kwa siku. Mwenye duka hawezi kutangaza, hawezi kuongeza bia, hawezi kukuuzia mzigo mkubwa kwa bei ya jumla. Kimebaki nini cha kumshinda jirani yake? Chumba. Muziki. Chai nzuri, na mtu wa kaunta anayekumbuka uso wako. Mimi naamini sheria zile, bila kukusudia, ndizo zilizowafanya wakazane na muziki na ukarimu.

Na pombe kutokuwepo kunabadilisha hata muziki. Mlevi anataka sauti ipande kila nusu saa. Aliyevuta kidogo na kunywa chai ya mnanaa anataka wimbo wa dakika tisa usikatwe.

Fundi Redio

Nimekuelewa vizuri sana. Hilo la pombe na sauti nalithibitisha kwa kazi yangu, ikifika saa sita usiku mwenye ukumbi ananipigia simu niongeze.

Mama Upendo

Wanangu, nimewasoma kimya, sasa niseme. Mimi ni muuguzi mstaafu, nimefanya kazi wodi ya magonjwa ya akili miaka mingi. Nimewaona vijana wa miaka kumi na saba, kumi na nane, wamevuta bangi kila siku tangu shule ya msingi, wanasikia sauti, hawawajui wazazi wao. Mwandishi anaandika vizuri, na ndicho kinachonitia hofu. Kijana wa Mbagala akisoma hapa ataona ni jambo la chai na chesi.

Bandari Salama

Mama shikamoo. Umefanya vizuri kusema, na sitakubishia hata neno moja kuhusu hao vijana. Hata Waholanzi wanasema hivyo. Wana taasisi yao, Trimbos, inayonunua sampuli kwenye kofishopu kila mwaka na kupima nguvu yake, na bangi inayolimwa kule ndani kwa taa, kwa miaka mingi wastani wake umekuwa kwenye asilimia 15 hivi za THC, ile kemikali inayolevya. Huko si kama jani lililokaushwa juani ambalo babu zetu walilijua. Ndiyo maana chini ya miaka 18 haingii mtu, na wakimkuta mtoto ndani duka linaweza kufungwa. Pasipoti inatazamwa mlangoni hata kwa mtu mwenye mvi.

Hoja yao ya 1976 ilikuwa hii, mama. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 heroini ilimiminika Amsterdam, hasa mitaa ya Zeedijk. Wakajiuliza: kijana anayetafuta bangi akienda kwa muuzaji yuleyule wa heroini, siku moja bangi itakosekana na atapewa kile kingine. Wakaamua milango hiyo miwili isiwe mlango mmoja. Mtu anaweza kukubali au kukataa, lakini ilikuwa hoja ya watu waliokuwa na hofu kama yako. Dawa kali ikikutwa ndani ya kofishopu, ni kufungwa.

Na kijana wa Mbagala nimwambie waziwazi: haya ninayoyaandika ni ya Uholanzi. Kwetu ni jela, na ubongo wako bado unajengwa.

Mama Upendo

Marahaba mwanangu. Nashukuru umejibu kwa adabu. Hilo la mwisho liandike kwa herufi kubwa.

Kahawa Tungu

Nami nipo nchi hii, Rotterdam, muda mrefu kuliko mleta uzi nadhani. Naongeza jambo ambalo linaniuma.

Mellow Yellow aliyoitaja ilifungwa. Baada ya moto wa miaka ya sabini ilihamia katikati ya mji, upande wa Vijzelgracht, na ikaishi huko mpaka mwisho wa 2016. Kosa lake? Hakuna. Serikali ilitaka kofishopu zisiwe karibu na shule, na Amsterdam ikakubali kipimo cha mita 250. Shule iliyokuwa karibu na Mellow Yellow ilikuwa ya kufundisha ususi na kunyoa nywele. Januari 2017 mlango haukufunguliwa tena. Jina lililoanzisha mtindo wote likaondoka kwa futi kamba.

Nilikuwepo kipindi hicho. Wateja wa miaka mingi walikuwa wanapita kuaga wahudumu. Ninapoona watalii wanaingia sehemu yoyote yenye picha ya simba mwenye rasta, muziki wa kompyuta unajirudia, mhudumu hakuangalii usoni, nasikia uchungu. Si kila kofishopu ina hali hii anayoieleza mleta uzi. Nyingi za karibu na taa nyekundu ni kaunta na foleni, basi.

Bandari Salama

Kweli tupu, kaka. Na ndiyo maana nasema zile kongwe zenye roho zitembelewe na ziheshimiwe. Mji mzima sasa umebakiwa na kama 165 tu, na mkondo wa miaka mingi ni kupungua.

Kisiwani Kwetu

Habari za humu. Mimi ni mtu wa Mombasa, nafanya kazi melini, tutatia nanga Amsterdam mwezi ujao na nitapata mapumziko ya siku moja. Bangi sikuivuta tangu ujana na sidhani nitavuta, ila huo muziki umenivuta kweli. Je, naweza kuingia nikanywa chai tu nikasikiliza? Na watu weusi wanapokelewaje? Niambieni kweli, nimeshakaa mahali pengine Ulaya nikaachwa bila kuhudumiwa.

Bandari Salama

Karibu sana ndugu yangu wa Mombasa. Chai tu inatosha, hakuna anayekulazimisha kuvuta. Nunua kinywaji, usikae mezani bure, hiyo ni heshima ya kawaida. Jua tu kwamba chumba kina moshi, hivyo kama kampuni yenu ya meli inapima mkojo usikae masaa mengi ndani. Hilo lichukulie kwa uzito, ni ajira yako.

Kuhusu rangi: Amsterdam ina Wasuriname wengi, waliohamia kwa wingi karibu na uhuru wa nchi yao mwaka 1975, na utamaduni wa rege nchini humo umebebwa sana na wao na watu wa Antili, visiwa vya Karibi. Katika kofishopu nzuri mchanganyiko wa watu ndio hali yenyewe. Nimekaa meza moja na fundi bomba wa Kimoroko, mwalimu mstaafu wa Kiholanzi na binti wa Paramaribo kule Suriname, tunabishana kama besi ya rege ilishuka ubora ilipoingia kompyuta. Binti alishinda.

Beba pasipoti halisi, picha ya kwenye simu haitoshi. Beba keshi pia, maana kadi za nje hugoma sehemu nyingi. Usimpige mtu picha bila ruhusa. Wateja wa pale wana kazi zao na familia zao. Nenda mchana siku ya kazi ukitaka utulivu, au uulizie siku ya dijei ukitaka muziki hasa. Usiingie na bia. Na usivute barabarani upande wa taa nyekundu: tangu Mei 2023 ni marufuku kwenye mitaa ile, faini yuro 100.

Siku ukiamua kujaribu, mwambie mhudumu ukweli kwamba umekaa miaka bila kuvuta. Hatakucheka. Kazi yake ni kukuuliza unataka nini, na atakuelekeza kwenye kitu chepesi. Keki za bangi achana nazo kabisa siku ya kwanza: unakula, saa nzima hakuna kitu, unaongeza, kisha zote zinapanda pamoja na siku yako imekwisha. Mtu akizidiwa, wenyewe humpa maji yenye sukari au juisi, humkalisha mahali penye hewa na kumwambia itapita.

Kisiwani Kwetu

Shukrani, umenijibu hata nisiyouliza. La mkojo sikuwa nimelifikiria. Nitakaa kidogo, chai moja, nyimbo mbili tatu, nitoke.

Mzee wa Reli

Swali fupi: nikipita transiti Schiphol naweza kubeba gramu mbili za zawadi?

Bandari Salama

Hapana. Hapana kabisa, mzee wangu. Ruhusa yao inaishia ndani ya mipaka yao, na hata huko ni uvumilivu tu. Uwanja wa ndege ni habari nyingine, na ukishuka Dar au Nairobi ni kesi ya dawa za kulevya. Tanzania sheria ya 2015 haina utani, na Kenya sheria yao ya 1994 ipo vilevile. Zawadi nunua santuri. Amsterdam ina maduka ya santuri za zamani yanayoweza kukulaza njaa.

Fundi Redio

Swali la mwisho kutoka kwangu. Umesema dukani mwisho gramu 500. Duka lenye foleni linamalizaje siku? Na hiyo bangi inatoka wapi, kama kuilima ni kosa?

Kahawa Tungu

Hapo umefika kwenye kidonda chao, wenyewe wanapaita mlango wa nyuma. Mbele unauza, unalipa kodi, unakaguliwa. Nyuma, aliyekuletea ni mhalifu, aliyelima ni mhalifu, na wewe uliyepokea ulipaswa usiulize. Duka kubwa linaficha akiba mahali pengine, na mtu analeta kidogo kidogo mara kadhaa kwa siku ili isizidi nusu kilo dukani. Akikamatwa njiani, amekamatwa. Nawafahamu wenye maduka waaminifu ambao miaka yote wanalala na wasiwasi kwa ajili ya jambo hilo moja, na fedha nyingi sana zimekwenda kwa magenge kwa sababu yake.

Sasa wameanza jaribio. Desemba 2023 Breda na Tilburg walianza kupokea bangi kutoka kwa wakulima wenye leseni ya serikali. Katikati ya 2024 likapanuliwa mpaka manispaa kumi, zikiwemo Groningen, Nijmegen, Arnhem na Maastricht, na kuanzia Aprili 2025 bangi kwenye kofishopu za huko inatakiwa itoke kwa wakulima hao tu. Kila pakiti ina lebo na kipimo. Amsterdam haimo kwenye hizo kumi.

Fundi Redio

Na muziki umebadilika huko kwenye manispaa za jaribio?

Kahawa Tungu

Nilipita Breda mwaka huu. Mwenye duka mmoja alinionyesha mashine ya kahawa mpya na spika mpya mbili za mbao, nzito, za kukaa miaka. Akaniambia zamani hakuthubutu kuweka fedha ndani ya duka ambalo lingeweza kufungwa wiki ijayo kwa sababu ya gari la mzigo. Sasa ana risiti ya kila gramu, kwa hiyo amekopa benki na kununua spika. Ulizia chapa nikutumie faragha, najua utauliza.